Wafuga Nyuki wa Mto Nili

Wasikilizaji wetu, sote twamjua mrina asali apandaye mtini usiku, mwenge mkononi. Asali aipata, lakini mara nyingi moto wake huwaua nyuki, na mwaka wa pili mzinga u mtupu. Leo twataka kuwapa habari za watu wa kale waliorina bila kuua.

Mto Nili, ukiisha kupita mahali ulipo mji wa Cairo, hugawanyika matawi, ukaingia baharini. Nchi iliyo kati ya matawi hayo ni tambarare ya tope, na zamani ilijaa mabwawa na mafunjo. Nyuki alikuwa alama yake: cheo cha mfalme wa Misri kiliandikwa kwa picha mbili, mmea kwa nchi ya juu, na nyuki kwa nchi hii ya chini.

Miti mikubwa ya kuchonga mizinga ilikuwa haba, bali udongo ulikuwa tele. Basi walifanya mizinga ya udongo, mirefu, yenye mviringo, wakailaza safu juu ya safu kama kuni. Nyuki waliingia kwa tundu dogo la mbele. Mwenyewe alifungua nyuma. Akifukiza moshi, nyuki hukimbilia mbele, yaliko majana, naye hukata masega ya asali yaliyo nyuma. Majana hubaki salama, na kundi huishi.

Twajuaje kuwa kazi hii ni ya kale? Yapata mwaka 2400 kabla ya Kristo, mfalme Niuserre alijenga hekalu la jua huko Abu Gurab, karibu na pale mto ugawanyikapo. Ukutani ilichongwa picha ya mtu aliyepiga magoti mbele ya mizinga, na wengine wakimimina asali vyomboni. Jiwe hilo limo Berlin. Tena, katika kaburi la waziri Rekhmire, aliyeishi karibu miaka 1000 baadaye, mtu ashika chombo cha moshi, na mwenziwe atoa masega.

Hekalu lile limebomoka, na wafalme wale hawako. Lakini mizinga ya udongo ilidumu Misri hata karne ya 20, ilipoanza kuondolewa na masanduku ya mbao. Ilidumu kwa kuwa mrinaji aliwaachia nyuki sehemu yao. Nasi tukienda kurina, tukumbuke: moshi watosha, moto hauhitajiwi.