Njiwa wa Matanga na Septemba Mosi

Mchana wa tarehe 1 Septemba 1914, katika bustani ya wanyama ya Cincinnati, jimbo la Ohio, Marekani, njiwa jike aliyeitwa Martha alikutwa amekufa ndani ya kizimba chake. Walimgandisha kwenye bonge la barafu, wakampakia kwenye treni, akasafirishwa hadi Taasisi ya Smithsonian kule Washington. Maiti ya njiwa, jamani, kusindikizwa hivyo! Lakini Martha hakuwa njiwa hivi hivi. Dume wa mwisho wa bustani hiyo alikuwa amekufa 1910, na porini hakukuwa na mwenzake tena. Yeye ndiye aliyefunga ukoo wa njiwa msafiri.

Wengi wakisimulia kisa hiki huishia hapo, kwenye barafu. Mimi kilichonisumbua ni kitu kingine. Nje ya kizimba kile, kwenye miti ya Ohio ile ile, kulikuwa na njiwa mwingine aliyefanana na Martha kiasi cha watu kuwachanganya: kichwa kidogo, mkia mrefu uliochongoka, ila mwili mdogo zaidi na rangi ya udongo mkavu. Huyo alikuwa anaendelea na maisha yake kama kawaida. Mpaka leo yupo, tena kwa mamilioni. Sasa, mbona mmoja aliisha na mwingine akabaki, na wote wawili waliwindwa na watu wale wale?

Huyu wa pili Kiingereza kinamwita kwa jina la kuomboleza, kwa hivyo hapa nitamwita njiwa wa matanga. Jina limetokana na sauti yake: mlio mmoja unaopanda, kisha mitatu mizito inayoshuka taratibu, kama mtu aliyechoka kulia. Anayesikia kwa mara ya kwanza hudhani ndege amefiwa. Kumbe wapi! Mara nyingi anayelia hivyo ni dume anayetafuta mchumba. Ni kama matanga yetu ya usiku yale yenye spika: ukiwa mbali unahurumia familia, ukikaribia unakuta vijana wanatongozana.

Tusichanganye mambo, hata Kenya tuna ndege ambaye kwa Kiingereza anaitwa njiwa wa matanga wa Afrika. Ukienda Baringo utamsikia. Jina ni lile lile, lakini huyo ni wa jenasi nyingine kabisa. Wa leo ni yule wa Amerika Kaskazini, ambaye jina lake la kisayansi ni Zenaida macroura. Hilo Zenaida nalo lina stori. Mwaka 1838 mwanasayansi Charles Lucien Bonaparte, mpwa wa Napoleon, aliipa jenasi hii jina la mkewe Zénaïde, ambaye pia alikuwa binamu yake. Kwa hivyo ndege tunayedhani anaomboleza amebeba jina la mke wa mtu, kama zawadi ya mapenzi.

Sasa twende kwenye kiota, maana jibu la swali langu linaanzia hapo. Na kusema ukweli, kiota chenyewe ni aibu. Dume huleta kijiti kimoja kimoja, mara nyingi akisimama mgongoni mwa jike ili amkabidhi, naye jike hupanga akiwa amekaa pale pale. Baada ya siku chache kazi imekwisha. Ukisimama chini yake unaweza kuona mayai kupitia sakafu. Fundi wa mjengo wetu angefanya hivyo angefukuzwa kabla ya chakula cha mchana. Wala hawachagui mtaa: juu ya mti, kwenye kichaka, chini kabisa ardhini kule kwenye nyanda kavu, kwenye mfereji wa paa, ukingoni mwa dirisha, hata ndani ya chungu cha maua kilichoning'inizwa barazani kwa mtu. Wakikuta kiota cha zamani, kiwe chao au cha ndege mwingine, wanahamia bila maswali.

Jike hutaga mayai mawili meupe. Kuyalalia ni wiki mbili, na wanafanya kwa zamu kama walinzi wa geti: dume anashika asubuhi hadi alasiri, jike anachukua jioni mpaka kesho yake. Ni nadra sana mayai kuachwa bila mtu. Vifaranga wakiangua, wazazi wote wawili, baba pia, huwalisha maziwa. Ndiyo, maziwa. Ni kitu kizito kama uji, chenye protini na mafuta mengi, kinachotengenezwa na kuta za mfuko wa kooni ambamo ndege huhifadhi chakula. Baada ya siku chache maziwa huchanganywa na mbegu, kisha hubaki mbegu tupu. Wakifikisha kama wiki mbili, vifaranga wanatoka kiotani. Baba huendelea kuwalisha huko nje, huku mama tayari ameanza mayai mengine. Kwenye majimbo ya kusini yenye joto, jozi moja inaweza kurudia mzunguko huu hadi mara sita kwa mwaka.

Na wanahitaji kurudia, kwa sababu maisha yao ni mafupi. Ndege aliyekomaa huishi kwa wastani mwaka mmoja na nusu hivi. Paka, mwewe, nyoka, dhoruba, risasi, vyote vinamsubiri. Wapo wachache wanaoponyoka: dume mmoja alivishwa pete mguuni huko Georgia mwaka 1968, akaja kupigwa risasi Florida mwaka 1998, akiwa na umri usiopungua miaka 30. Huyo alikuwa mzee wa kijiji. Wenzake walishazikwa vizazi na vizazi.

Kwa hivyo ukimtazama vizuri, njiwa wa matanga anazaa kama mtu wa biashara ndogo ndogo. Mtaji kidogo, kibanda cha haraka, mayai mawili. Upepo ukiangusha kibanda leo, wiki ijayo anafungua kingine mtaa wa pili. Hasara yake ni ndogo na anajua kuanza upya. Tena anajitenga: wakati wa kuzaa, kila jozi ina kona yake. Makundi huja baadaye, wakati wa kula na kuhama.

Njiwa msafiri alikuwa kinyume cha haya yote. Yeye aliishi kwa umati. Wataalamu hukadiria kwamba wakati mmoja walikuwa kati ya bilioni 3 na bilioni 5. Mwaka 1813 mchoraji wa ndege John James Audubon alikuwa safarini Kentucky akielekea Louisville, akaona kundi lililofunika jua la mchana. Kwa maelezo yake, ndege waliendelea kupita kwa siku tatu. Mwaka 1871, huko Wisconsin, walijenga viota pamoja kwenye msitu wenye ukubwa wa zaidi ya kilomita za mraba 2,000. Matawi yalivunjika kwa uzito wao. Lakini katika kila kiota, kwa kawaida, kulikuwa na yai moja tu. Kifaranga akishanona, wazazi waliondoka kwa pamoja na kumwacha. Kinga yao yote ilikuwa wingi: mwewe na mbweha wangekula mpaka washibe na bado wabaki mamilioni.

Hesabu hiyo ilifanya kazi mpaka alipokuja mlaji asiyeshiba. Reli na telegrafu ndizo zilizobadilisha mchezo. Umati ukitua mahali, habari zilitumwa kwa waya, wawindaji wakapanda treni, na baada ya siku chache mapipa ya njiwa yalikuwa njiani kwenda New York na Chicago. Walitumia bunduki, nyavu, moshi, hata fimbo. Wengine walimshona kope njiwa hai na kumfunga kama chambo ili awavute wenzake. Kule Petoskey, Michigan, mwaka 1878, waliwakuta wakiwa kwenye viota, wakavuna wazazi na vifaranga pamoja. Wakati huohuo misitu ya mialoni iliyowalisha ilikuwa inafyekwa.

Kinachouma ni kwamba kuna watu walijaribu kuonya mapema. Mwaka 1857 mswada wa kulinda ndege wa porini ulifika katika Seneti ya Ohio. Kamati iliyoupitia ilijibu kwamba njiwa msafiri hahitaji ulinzi wowote, kwa kuwa anazaana ajabu na uwindaji wa kawaida hauwezi kumpunguza. Wazee wa kamati walikuwa wanatazama angani, wanaona ndege wasiohesabika, wakaamua kutohesabu. Miaka 57 baadaye, katika jimbo lilo hilo, alibaki mmoja. Huyo hata mtoto angemhesabu.

Njiwa wa matanga hakumlipa mtu nauli ya treni. Nani atume telegramu kwa ajili ya jozi moja kwenye mti, na jozi nyingine nusu kilomita mbele? Halafu shoka lililomnyima njiwa msafiri makao ndilo lililomfungulia yeye: msitu ukigeuka shamba, yanakuja magugu, nafaka na mbegu ndogo ndogo, na mbegu ndizo karibu chakula chake chote. Alipata meza pale mwenzake alipopoteza nyumba.

Mwanzoni mwa karne iliyopita, baadhi ya Wamarekani hawakuwa tayari kukubali kwamba msafiri ameisha. Profesa mmoja wa Chuo Kikuu cha Clark, Clifton Hodge, alisimamia zawadi ya pesa kwa yeyote atakayeonyesha kiota cha njiwa msafiri kisichosumbuliwa. Taarifa zikaja, matumaini yakapanda. Zilipochunguzwa, hakuna iliyosimama, na mara nyingi aliyeonekana alikuwa njiwa wa matanga. Hebu fikiria: unapanda mti moyo unadunda, unachungulia, unakuta mayai mawili. Hesabu hiyo pekee ilitosha kukutia wasiwasi.

Lakini nisikudanganye kwamba huyu aliokolewa na tabia yake tu. Sheria nayo ilifika, na kwake ilifika akiwa bado yupo. Mwaka 1900 Marekani ilipitisha sheria ya Lacey, iliyobana biashara ya wanyama waliowindwa kinyume cha sheria na kuvushwa kutoka jimbo hadi jimbo. Mwaka 1916, miaka miwili baada ya kifo cha Martha, Marekani ikatia saini mkataba wa ndege wanaohama na Uingereza, iliyokuwa inaiwakilisha Kanada. Sheria ya kuutekeleza ikaja 1918. Jimbo la Missouri likaenda mahakamani kupinga, na mwaka 1920 Mahakama ya Juu ikalikatalia. Tangu hapo kuwinda kukawa na msimu, na mtu hakuweza tena kujaza pipa la ndege hawa akauze sokoni.

Baadaye wakaanza pia kuhesabu. Kuanzia 1966, kwa miongo kadhaa, watu waliamka alfajiri, wakaendesha gari njia zile zile kila mwaka, wakawa wanasimama, wanasikiliza dakika tatu, wanaandika milio waliyosikia, kisha wanasonga mbele. Yaani ule wimbo wa kutongoza ukawa sensa.

Usidhani amepumzika, lakini. Njiwa wa matanga ni miongoni mwa ndege wanaowindwa zaidi Marekani. Kuna miaka waliouawa walizidi milioni 20. Hata majimbo hayajaamua huyu ni nani. Wisconsin ilimtangaza kuwa alama ya amani mwaka 1971, kisha mwaka 2003 ikafungua msimu wa kumwinda, naye akabaki na cheo chake cha amani. Michigan, ile ile ya Petoskey, iliwapa wananchi kura mwaka 2006, nao wakakataa kwa wingi mkubwa njiwa hawa wasiwindwe jimboni mwao. Waliopiga kura siku hiyo huenda hawakuwa wakiwaza 1878. Mimi siwezi kuitazama kura hiyo bila kuiwaza.

Kuna tarehe moja ambayo tangu niigundue haijanitoka kichwani. Ule mkataba wa 1916 ulipiga marufuku kuwinda ndege hawa kati ya tarehe 10 Machi na tarehe 1 Septemba, ili wazae kwa amani. Kwa sababu hiyo, katika majimbo mengi, siku ya kwanza ya msimu wa kuwinda njiwa wa matanga ni Septemba mosi. Siku aliyokufa Martha.

Hakuna aliyeipanga hivyo kwa kejeli. Ni kalenda tu. Lakini kila mwaka, asubuhi hiyo, bunduki zinaanza kulia mashambani huku baadhi ya viota vya kusini bado vina vifaranga. Mahali fulani, kwenye kibanda cha vijiti unachoweza kuona sakafu yake ukiwa chini, dume amechukua zamu yake ya mchana. Hajui tarehe. Jike amekwenda kutafuta mbegu, na akirudi jioni watabadilishana, kama jana.