Misheni, Jumuiya, Huduma: Maneno Matatu katika Historia ya Kanisa Mjini



1. Utangulizi

Historia ya kazi ya Kanisa katika miji ya Afrika Mashariki imeandikwa zaidi na wanahistoria na wanateolojia. Wao huanza na watu, mashirika na majengo. Mimi ni mwanaisimu, na kwa hiyo naomba ruhusa ya kuanza na maneno. Nimeteua matatu: misheni, jumuiya na huduma. Kila moja limeshika zamu yake katika vinywa vya waumini wa mijini, na kila moja linatueleza jinsi Kanisa lilivyojiona mbele ya mji.

Hoja yangu ni hii: mashirika ya wamisionari yalichagua mahali pa kujenga, lakini lugha ya kuhubiria iliamuliwa na mji. Pale Kanisa lilipoisikiliza lugha hiyo lilipata makao. Pale lilipoikwepa lilibaki mgeni. Nitamalizia kwa kuonyesha kwamba jambo hili si la kale tu.

2. Misheni: mahali nje ya mji

Asili ya neno misheni ni Kilatini, na maana yake ya awali ni kutumwa. Katika Kiswahili, hata hivyo, neno hili lilichukua upesi maana ya mahali. Mtu "alilelewa misheni", "alisoma misheni", "alikwenda misheni kutibiwa". Lilitaja uwanja wenye kanisa, shule, zahanati na mashamba, pamoja na kengele iliyogawa saa za siku. Mombasa hadi leo kuna mtaa uitwao Kengeleni, uliopata jina lake kutokana na kengele ya Freretown.

Tuitazame ramani. Johann Ludwig Krapf alifika Mombasa mwaka 1844, lakini kituo alichokianzisha pamoja na Johannes Rebmann mwaka 1846 kilikuwa Rabai, vilimani, mbali na kisiwa. Freretown, makazi ya watumwa walioachwa huru yaliyoanzishwa na Chama cha Kimisionari cha Kanisa mwaka 1875, ilikuwa ng'ambo ya mkono wa bahari, ikitazamana na mji wa Mombasa. Mapadre wa Roho Mtakatifu walipofika Bagamoyo mwaka 1868, walijenga makazi ya watumwa waliokombolewa, yaliyozungukwa na mashamba. Huko Unguja, Wamisionari wa Vyuo Vikuu, maarufu kwa kifupi UMCA, walinunua shamba Mbweni, kusini mwa mji. Na Nairobi ilipozaliwa kama kambi ya reli mwaka 1899, mapadre wale wale walianzisha mwaka huo huo misheni ya Mtakatifu Austin nje ya kambi hiyo, wakapanda kahawa.

Mpangilio huu haukutokea kwa bahati. Watumwa walioachwa huru walihitaji ardhi ya kulima na ulinzi dhidi ya kukamatwa tena. Isitoshe, miji ya pwani ilikuwa ya Kiislamu kwa karne nyingi, na wamisionari wengi waliona kwamba mji ungemharibu Mkristo mchanga kabla hajakomaa. Kwa fikra hiyo shamba lilikuwa shule na mji ulikuwa jaribu.

Pamoja na hayo, lugha iliyosemwa ndani ya mashamba hayo ilitoka mjini. Wakaazi wake walikuwa Wayao, Wanyasa, Wazigua, Wamakua na wengineo, na kilichowaunganisha kilikuwa Kiswahili. Ili kukipata Kiswahili cha kuandikia vitabu, wamisionari walilazimika kurudi kwa watu wa mjini.

Mfano ulio wazi ni Edward Steere, aliyefika Unguja mwaka 1864 pamoja na Askofu Tozer. Kitabu chake cha sarufi na msamiati kilichotoka mwaka 1870 kilitokana na kukaa na wenyeji na kuwauliza. Miongoni mwa waliomsaidia alikuwa Sheikh Abdul Aziz al-Amawi, mwanachuoni mzaliwa wa Barawa, aliyeshiriki kazi ya kuzitia Zaburi katika Kiswahili kutoka Kiarabu. Sheikh huyo hakuwa Mkristo, wala hakuacha kujadiliana na wamisionari juu ya dini. Alichotoa kilikuwa lugha. Si ajabu, basi, kwamba kanisa ambalo Steere alilijenga halikuwa shambani. Liliinuka Mkunazini, katikati ya mji, penye soko la watumwa lililofungwa mwaka 1873, na ndimo alimozikwa alipofariki mwaka 1882.

Matokeo ya ushirikiano huo yamo katika kila ibada. Imani, dhambi, toba, sala, ibada, malaika, nabii, msalaba, injili, kanisa, hata roho: yote haya yana asili ya Kiarabu, na mengi yalikuwa yameshazoeleka midomoni mwa Waswahili Waislamu kabla ya mmisionari wa kwanza kushuka chomboni. Kando yake yalisimama maneno ya Kibantu: Mungu, Mwokozi, mchungaji, mwumini kwa kiambishi chake. Meza ya Bwana ilipata meza yake kutoka kwa Wareno. Mkristo wa kwanza wa pwani alimwomba Mungu wake kwa msamiati wa jirani yake.

Si wote waliolifurahia jambo hilo. Karl Roehl, katika tafsiri yake ya Biblia iliyokamilika mwaka 1937, alijitahidi kupunguza maneno ya Kiarabu na kuweka ya Kibantu, akiamini kwamba ndiyo yatakayogusa moyo wa Mwafrika wa bara. Tafsiri hiyo ilipendwa na wengi, hasa miongoni mwa Walutheri. Lakini Biblia iliyoshika makanisa ya Kiprotestanti ni ile ya Muungano ya mwaka 1952. Kabla yake miji miwili ilikuwa na Biblia mbili: ya Kiunguja iliyokamilika mwaka 1891 na ya Kimvita iliyokamilika mwaka 1914. Biblia ya Muungano ilifuata Kiswahili sanifu, ambacho msingi wake ni Kiunguja, na maneno ya mjini yakabaki humo. Sababu za ushindi huo zilikuwa nyingi, zikiwemo za kiutawala na za kielimu. Hata hivyo, haiwezekani kuliondoa neno kitabuni ikiwa watu wanalitumia kila siku sokoni.

3. Jumuiya: Kanisa katika mtaa

Zamu ya pili ilikuja na uhamiaji. Sensa ya mwaka 1967 iliikuta Dar es Salaam ikiwa na wakaazi wapatao 273,000. Ile ya mwaka 2022 iliwahesabu zaidi ya milioni 5.3. Nairobi, kwa sensa ya mwaka 2019, ilikaribia milioni 4.4. Wakristo waliolelewa misheni za bara walimiminika mjini, na mjini hapakuwa na uwanja mpana wala kengele moja ya kuwaita wote.

Maaskofu Katoliki wa Afrika Mashariki walilitafakari jambo hili, na mwaka 1976, katika mkutano wao wa Nairobi, walisisitiza ujenzi wa jumuiya ndogondogo za Kikristo. Familia chache za jirani hukutana nyumbani kwa mmoja wao, husoma Maandiko, huombeana, humzika aliyefariki na kumchangia aliyeuguliwa. Neno lililochaguliwa lilikuwa tayari na historia ya kiraia: jumuiya ni watu walioshikamana kwa jambo linalowahusu wote.

Athari yake kwa lugha haijachunguzwa inavyostahili. Jumuiya huundwa kwa ujirani na wala si kwa kabila. Mhaya, Mchaga, Mngoni na Mmakonde wanaokaa mtaa mmoja huketi mkeka mmoja. Mama aliyezoea kumwomba Mungu kwa Kihaya kanisani kwao alilazimika, kwa mara ya kwanza, kuomba kwa sauti kwa Kiswahili mbele ya majirani. Sala ya papo kwa papo ni utungo mgumu. Inahitaji msamiati, mahadhi na ujasiri. Maelfu ya watu wasio na elimu ya juu waliujifunza utungo huo sebuleni. Nathubutu kusema kwamba jumuiya ilikuwa mojawapo ya shule kubwa za Kiswahili cha hadharani, hasa kwa wanawake, nayo haikuwa na mtaala wala cheti.

4. Huduma: kazi isiyo na uzio

Neno la tatu, huduma, linatokana na Kiarabu na maana yake ni utumishi. Katika matumizi ya zamani lilitaja kazi: huduma ya mchungaji, huduma kwa wagonjwa. Tangu uamsho wa Kipentekoste uliposhika kasi mijini katika miaka ya 1980 na 1990, limekuwa pia jina la taasisi. Mtu husema "nina huduma yangu", na kiongozi huitwa mtumishi hata katika salamu. Huduma haihitaji uwanja: inatosha hema, ukumbi wa kukodi, jumba la sinema lililoacha kuonyesha filamu, na vipaza sauti.

Zamu hii nayo ina msamiati wake. Upako umetokana na kupaka, mkesha na kukesha, maombezi na kuombea. Ni maneno yaliyoundwa kwa kanuni za Kiswahili, tena kwa ustadi, na watu ambao hawakuwahi kuketi katika kamati ya istilahi.

Lakini papo hapo limezuka jambo la kutafakarisha. Miaka michache iliyopita nilihudhuria ibada moja jijini Dar es Salaam. Mhubiri alikuwa Mtanzania na alihubiri kwa Kiingereza. Kando yake alisimama mkalimani, Mtanzania pia, aliyefasiri kila sentensi kwa Kiswahili. Kwa kadiri nilivyoweza kuona, hapakuwa na mgeni asiyejua Kiswahili. Baada ya ibada nilimwamkia bibi mmoja aliyeketi karibu nami.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba."

Nikamwuliza kama aliyafuata mahubiri.

"Yule wa kwanza simsikii," alinijibu. "Mimi humngoja wa pili."

Sisemi kwamba Kiingereza hakina mahali. Miji yetu ina wageni, na ina vijana waliosomeshwa kwa lugha hiyo. Nairobi, parokia nyingi hupanga ibada kwa lugha mbalimbali bila ugomvi, na wahubiri vijana huitumia hata Sheng. Penye mchanganyiko wa kweli, ukalimani ni tendo la upendo. Tatizo huanza Kiingereza kinapokuwa pambo la jukwaa, na mwumini akafundishwa, pasipo kutamkiwa, kwamba neno lenye uzito haliji kwa lugha anayoombea mtoto wake mgonjwa.

5. Hitimisho

Misheni ya kwanza ilikaa nje ya mji kwa umbali wa mashamba na mikono ya bahari. Jumuiya iliingia mtaani. Huduma imeingia kila kona, lakini mahali pengine inajitenga tena, na safari hii uzio wake ni lugha.

Kwa wanafunzi wetu nina ombi moja. Tunayo maandishi ya Krapf na Steere, na tunayachambua kwa bidii. Hatuna hazina ya sala za jumuiya, wala ya kazi ya wakalimani wa majukwaani, ambao kila Jumapili hulazimika kupata neno la Kiswahili kabla mhubiri hajavuta pumzi nyingine. Steere aliketi na Sheikh akauliza, "Hili husemwaje?" Nendeni nanyi mkaulize, kwa adabu na kwa idhini ya wenyewe, mkaandike. Na muanze na "wa pili", yule ambaye bibi yule alikuwa akimngoja.