Prosesa moja, kazi mbili: siri ya bei ya Sinclair ZX80

Wasomi wenzangu, turudi kidogo Uingereza, mwaka 1980. Wakati ule ordinatere ilikuwa kitu cha wenye feza. Apple II, iliyotoka Marekani mu 1977, ilianzia dola 1,298. Kampuni ya Clive Sinclair, pale Cambridge, ikatoa ZX80 kwa pauni 99.95. Ukikubali kuiunga mwenyewe, 79.95. Ulitumia televizyo ya nyumbani, na programu zako ulizitunza mu kaseti, ile ile ya muziki.

Lakini kaseti haielezi bei yote. Siri iko ndani.

Picha ya televizyo ya kule inapashwa kuchorwa mara 50 kwa segonde. Kwa kawaida unaweka saketi ya pekee kwa kazi hiyo, na saketi njo pesa. Injenieri Jim Westwood akaipa prosesa yenyewe, Z80, kazi ya kuchora. Namna gani? Anaituma isome herufi za ekra kama vile ni amri. Prosesa inaomba amri; saketi ndogo inakamata herufi njiani na kuipa prosesa sifuri, maana yake "usifanye kitu". Basi prosesa inapita herufi inayofuata, bila kujua kama imedanganywa! Z80 tena iko na kamuda kafupi, kila baada ya kusoma amri, ka kuburudisha memwari. Muda huo pia haukutupwa: ndipo umbo la herufi linachukuliwa. Na alama ya mwisho wa mustari, namba 118, ni amri ya kweli ya Z80: simama, ungoje.

Sisi watu wa kilimo tunajua hiyo akili. Ukipanda maharagwe ya kupanda juu pamoja na mahindi, huendi kutafuta miti ya kuyashikilia.

Memwari ilikuwa okteti 1,024 tu. Ekra nzima, herufi 32 kwa mistari 24, ingekula 768. Kwa hiyo mustari mutupu ulichukua okteti moja peke yake, ile ya mwisho wa mustari.

Shida? Prosesa haiwezi kuchora na kuhesabu pamoja. ZX80 ikianza kuhesabu, picha inapotea; ukibonyeza kidude kimoja, ekra inarukaruka. Kuna wanaocheka jambo hilo mpaka leo. Mimi siwacheki walionunua: ordinatere yenye picha inayokatika iko yako, ile ya dola 1,298 iko ya mwingine.

Mu 1981 ikaja ZX81, pauni 69.95. Chipu moja iliyotengenezwa na Ferranti ilibadili 18 za zamani, zikabaki 4 jumla. Sasa ilihesabu wakati televizyo inachora pembezo tupu za juu na chini, polepole sana kweli, lakini picha ilikaa. Zikauzwa zaidi ya milioni 1.5.