Majaliwa wa Chitangali

Tarehe 21 Juni 1879 timu ya besiboli ya Providence Grays, huko Marekani, ilipungukiwa mchezaji mmoja. Joe Start, mlinzi wa kituo cha kwanza, alikuwa ameumia, na mahali pake akaitwa mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Brown aliyeitwa William Edward White. White akacheza siku hiyo, katika zamu zake nne akafanikiwa kupiga mara moja, Cleveland wakafungwa, na ligi kuu haikumwona tena. Kazi yake yote ya uchezaji imo katika mstari mmoja wa jedwali la mechi: jina, nafasi, mikimbio, mapigo. Zaidi ya miaka 120 baadaye watafiti waliufuata mstari ule hadi kwenye sensa ya 1870 ya Georgia, wakamkuta mtoto wa jina hilo, wa miaka tisa, anaishi na mama yake Hannah White. Mama huyo alikuwa amewahi kuwa mtumwa, na baba wa mtoto alikuwa Mzungu aliyemmiliki. Kwa ushahidi huo kijana aliyepita machoni pa watazamaji kama Mzungu anahesabiwa leo na wengi kuwa mtu mweusi wa kwanza kucheza ligi kuu, miaka mitano kabla ya Moses Fleetwood Walker aliyekuwa akipewa sifa hiyo. Kilichomwokoa si ukubwa wa alichotenda. Kuna mtu aliyekuwa na kazi ya kuandika kila aliyeingia uwanjani, hata wa siku moja.

Anayekaa Lisekese leo, kusini mwa Tanzania, akiinua macho kwenye vilima vya mawe vya Masasi, anakaa jirani na kazi iliyoanza mwaka uleule wa 1876 ambao ligi ile ya White iliundwa. Mwishoni mwa mwaka huo Askofu Edward Steere aliondoka Unguja na msafara, akapitia Lindi, akiwa na watumwa waliokombolewa wapatao hamsini, wanaume kwa wanawake. Nia ilikuwa kuwapeleka kuelekea Ziwa Nyasa, nchi ambako wengi wao waliibwa. Walipofika Masasi wakaona ardhi inafaa, wakakaa. Kazi hiyo nayo ilikuwa na daftari lake. Wazungu wa misheni, wale wa Universities' Mission to Central Africa tunaowafupisha kwa herufi UMCA, waliandika sana. Barua zao zinatueleza hata homa zao. Ndiyo sababu historia ya Ukristo kati ya Masasi na Newala imezoeleka kusimuliwa kwa mfululizo wa majina: Steere, Chauncy Maples, Charles Smythies, na baadaye Vincent Lucas. Hoja yangu ni kwamba mfululizo huo unatuonyesha walioshika kalamu, na kwamba mtu aliyeifanya kazi ile ishike mizizi katika nchi hii ni Cecil Majaliwa, ambaye wasomaji wengi wa kusini wenyewe hawajapata kulisikia jina lake.

Tuanze na jina hilo, maana lenyewe ni hati. Majaliwa alizaliwa Myao, akatekwa mtoto, akafikishwa pwani. Watoto wa namna hiyo hawakufika Unguja na majina ya kwao. Njiani au sokoni walipewa majina ya kitumwa, na wenzake wa misheni waliyabeba vilevile: Mabruki, aliyebarikiwa, Farajala, faraja itokayo kwa Mungu. Majaliwa ni kile ambacho mtu amejaliwa. Ni majina ya baraka, lakini baraka ya mwenye mali, kama mtu anayempa jina ng'ombe aliyemnunua ili amletee heri. Juu ya jina hilo misheni ikaweka la ubatizo, Cecil, la Kiingereza tupu. Kwa hiyo tunapotamka Cecil Majaliwa tunatamka tabaka mbili zilizowekwa na watu wawili waliomchukua, mmoja kwa ukatili na mwingine kwa wema, na chini yake kuna jina la tatu alilopewa kwao Uyaoni. Leo Majaliwa ni jina la kawaida kabisa kusini, halimkumbushi mtu jahazi wala mnyororo. Yeye alikulia katika shule ya Kiungani, nje kidogo ya mji wa Unguja, shule ambayo wavulana wake walijifunza liturjia na mpira wa miguu kwa pamoja, na ambayo mwaka 1887 ilitoa kitabu cha masimulizi ya kutekwa kwao, yaliyoandikwa na wavulana wenyewe kwa Kiswahili na kufasiriwa na mwalimu A. C. Madan. Mwanzoni mwa miaka ya 1880 Majaliwa alipelekwa kusoma Canterbury, Uingereza. Mwaka 1886 akafanywa shemasi na kupelekwa kusini, Chitangali, na mwaka 1890 Askofu Smythies akampa ukasisi, wa kwanza kwa Mwafrika katika misheni ile.

Kwa nini basi nimpe yeye uzito kuliko waliomtuma? Jibu liko katika mwaka 1882. Masasi ya Steere ilikuwa kijiji cha watu waliookolewa, wenye kengele yao, mashamba yao na sheria zao chini ya kasisi wa Kizungu. Kilionekana kizuri, na msafiri Joseph Thomson, aliyepita mwaka 1881 akitafuta makaa ya mawe ya Ruvuma kwa ajili ya Sultani Barghash, alikisifu. Lakini kilikuwa kisiwa. Septemba 1882 Wangoni walioitwa Magwangwara wakakivamia, wakaua, wakachoma, wakachukua mateka. Misheni ikatawanyika: Maples akahamia Newala kwa mkuu Matola, na wengi wa waliokombolewa wakarudishwa pwani. Kwa kawaida kisa hiki husimuliwa kama balaa lililotoka nje, na ni kweli lilikuwa balaa. Lakini swali linalostahili kuulizwa ni kwa nini kijiji kile kilikuwa peke yake namna ile. Wayao, Wamakua na Wamakonde wote hufuata ukoo kwa upande wa mama. Mtu ni mtu kwa sababu ana mjomba: mjomba humsemea shaurini, humlipia deni, humtafutia mke, husimama jando lake linapofika. Wakazi wa kijiji cha misheni, kwa jinsi walivyopatikana, walikuwa watu wasio na wajomba. Kasisi alijaribu kuwa mjomba wa wote, na mjomba wa wote hana jirani wa kumsaidia kupiga mbiu usiku.

Chitangali ilipangwa kinyume chake, na hapa ndipo ninapouona ufundi wa Majaliwa, ingawa sera ya kuwatanguliza Waafrika ilikuwa ya Smythies. Hakujenga kijiji. Alikwenda kukaa katika mji wa mkuu wa Kiyao aliyeitwa Nakaam, ambaye alikuja kubatizwa kwa jina la Barnaba, na akaufanya ulinzi, shauri na ukarimu wa mkuu huyo viwe ukuta wa kazi yake. Aliyetaka kujifunza alibaki kwa mama yake, kwa mjomba wake, shambani kwake. Kiyao kilikuwa lugha ya nyumba aliyozaliwa, si lugha ya kamusi, na Kiswahili cha Kiungani alikuwa nacho kwa kuandikia na kufundishia. Karibu miaka kumi na moja alikaa pale, sehemu kubwa ya muda huo bila Mzungu wa kumwangalia. Kutoka katika duara lake wakatokea walimu na makasisi waliozaliwa nchi hiihii, akiwamo Kolumba Msigala, ambaye baadaye aliandika kumbukumbu zake mwenyewe. Tofauti kati ya walimu wa namna hiyo na waliotoka Unguja na msafara ni kubwa kuliko inavyoonekana kwenye orodha ya misheni, ambamo wote wanaitwa tu walimu wa Kiafrika. Msigala na wenzake walikuwa na wajomba.

Pingamizi la kwanza liko wazi: kama Steere asingewakomboa watoto, na Kiungani isingekuwapo, na nauli ya Canterbury isingelipwa, Majaliwa angekuwa mtumwa wa mtu fulani katika shamba la karafuu. Nalikubali lote. Lakini kumwezesha mtu si kuifanya kazi yake. Nauli ilimfikisha Chitangali, haikumweka moyoni mwa watu wa pale. Fedha ileile na elimu ileile ziliwahi kuwekwa katika Masasi ya kwanza, tena pamoja na makasisi waliosoma Oxford, na tumeona zilivyoishia. Kitu kilichobadilika kati ya Masasi na Chitangali hakikuwa fedha.

Pingamizi la pili ni zito zaidi, na nakiri halinipi usingizi mwepesi. Inasemwa kwamba Majaliwa mwenyewe alikuwa mgeni: ametekwa mdogo, amelelewa na Waingereza, ameonja Ulaya. Uyao wake ulikuwa wa damu na ulimi, si wa malezi. Zaidi ya hayo, wakuu wa Kiyao wa zama zile hawakuwa mikono mitupu katika biashara ya watumwa. Misafara ya mkuu Mataka wa Mwembe ilikuwa maarufu hadi Kilwa. Mtoto aliyeuzwa alirudi kukaa chini ya ulinzi wa wakuu wa watu walewale walioshiriki kuuza. Wako wanaoona hapo utii uliokosa kumbukumbu. Mimi naona hesabu iliyopigwa kwa akili. Mkataba wa 1873 ulikuwa umefunga soko la watumwa la Unguja, njia za pwani zilikuwa zinabadilika, na mkuu mwenye busara alihitaji uhusiano mwingine na pwani badala ya ule wa minyororo: barua, shule, watu wanaojua kusoma. Majaliwa aliweza kumpa Nakaam hayo bila kumpokonya watu wake, jambo ambalo kijiji cha misheni kisingeweza, kwa kuwa chenyewe kiliishi kwa kukusanya watu na kuwaweka chini ya mamlaka yake. Na ugeni wake ulimsaidia kwa njia nyingine. Mtu asiye na ukoo wa karibu hana mpwa wa kumrithisha uongozi, kwa hiyo mkuu hana haja ya kumhofia.

Lipo pingamizi la tatu, la kitaalamu: karibu kila sifa ya Majaliwa imetoka kwa wamisionari, na wamisionari walihitaji hadithi za ushindi ili michango iendelee kutoka Uingereza. Ni onyo la haki. Ila litazamwe na upande wa pili. Wafadhili walipenda kusoma juu ya mashujaa wa Kizungu waliokufa kwa homa au, kama Maples mwaka 1895, waliozama Ziwa Nyasa wakiwa ndio kwanza wametawazwa maaskofu. Kasisi Myao aliyekaa miaka katika mji wa mkuu fulani, akifundisha na kubatiza bila msiba wala safari, hakuwa bidhaa ya kuuzika. Kama daftari la misheni lilipindishwa, lilipindishwa kumpunguza zaidi kuliko kumkuza. Na kumbukumbu za Msigala, zilizotoka kwa mtu wa nchi, zinaielezea Chitangali kutoka ndani, si kutoka jukwaa la michango.

Mwaka 1897 Majaliwa aliondoka kurudi Unguja, na miongoni mwa sababu ilikuwa masomo ya watoto wake. Mtu anayewaza ukoo ataielewa sababu hiyo kwa urahisi: baba aliyeondolewa kwa mama yake utotoni hakuwa tayari watoto wake wakose alichokipata yeye baada ya kupoteza kila kitu. Smythies alikuwa ameshafariki mwaka 1894, na imani yake kwa makasisi Waafrika kukaa peke yao haikurithiwa kwa kiasi kilekile; Wazungu wakazidi vituoni, na kalamu ikazidi kuwa yao. Agosti 1905 moto wa vita vya Maji Maji ulipofika Masasi, majengo ya misheni yakateketea na Wazungu wakakimbilia Lindi. Habari ya kukimbia kwao imeandikwa kwa kirefu. Habari ya waumini waliobaki vijijini, kila mmoja kwa mjomba wake, imechukua mistari michache.