Mayai Mekundu, Shamba la Katani

Wagiriki waliokuja na ujenzi wa Reli ya Kati, zama za Mjerumani, hawakurudi wote kwao. Wengine walibaki kulima, na Kilosa ikawa na mashamba yao ya katani.

Pasaka yao ya Kiorthodoksi ina yai lake: huchemshwa, hutiwa rangi nyekundu, kisha familia ikiwa mezani kila mtu hugonga lake kwenye la mwenzake. Lisilopasuka, mwenyewe ana bahati mwaka mzima. Kabla yake ni Kwaresima bila nyama, na hata mayai hayaliwi. Ndiyo maana yai hilo hungojwa kwa hamu.

Kambini, manamba, vibarua wa mashamba hayo, walisonga ugali wa posho juu ya mafiga matatu. Shamba moja, vyungu mbalimbali.

Kisha, mwaka 1967, Serikali ya Tanzania ilitaifisha mashamba mengi ya katani nchini.