Gida: Jina la Mvulana Ambalo Wake wa Nyumbani Hawakulitamka

Ukisimama mnadani Balangdalalu ukaita "Gida!" hutakosa wa kugeuka, na wengi watakaogeuka watakuwa na mvi. Hapo hujamwita mtu kwa jina lake hasa. Umeita mwanzo wa jina, ule ambao wanaume wa Kidatoga huuchangia, na kilichobaki ndicho cha mtu mwenyewe: Gidamis, Gidabuday na wenzao. Wanawake wana mwanzo wao, Uda-. Ukitajiwa jina la Mdatoga usiyemjua, unajua papo hapo kama ni mwanamume au mwanamke kabla hata jina halijaisha. Kuishia kwenye Gida peke yake ni mazoea ya marafiki, kama wanavyofanyiana watu wa rika moja popote. Kijana wa leo anayeitwa Emanueli au Joshua hana haja nayo, na kwa masikio yake Gida ni jina la babu.

Balangdalalu ni kata ya wilaya ya Hanang, mkoa wa Manyara uliomegwa kutoka Arusha mwaka 2002. Jina la kata lenyewe halijatulia kwenye maandishi: wengine huweka king'ong'o wakaandika Balang'dalalu, na ramani za zamani zinaonyesha jina linalofanana nalo kwenye maziwa ya chumvi ya Balangida na Balangida Lelu, jirani na Mlima Hanang ambao kimo chake kinapita mita 3,400. Hii ni nchi ya Wabarbaig, tawi kubwa la Wadatoga, wakiwa ujirani na Wairaqw wa Mbulu. Kabla ya hapa mababu wa Wadatoga walichunga Serengeti na ndani ya kreta ya Ngorongoro, mpaka Wamaasai walipowasukuma kusini katika karne ya 19. Ng'ombe hutaka chumvi na maji, na huku chini ya Hanang vyote viwili vilikuwapo.

Vita vile ndivyo vilivyowaachia Wadatoga jina lao la kupachikwa. Wamaasai waliwaita Mang'ati, yaani maadui, tena adui wa kuheshimiwa kwa sababu alijua kupigana. Waswahili wakalichukua, maofisa wa kikoloni wakaliandika, na hadi leo mtu wa Dar es Salaam anayemwona mchungaji wa Kidatoga mwenye shuka na mkuki husema "Mmang'ati" bila kujua kwamba anamwita mwenzake adui kwa lugha ya mtu wa tatu. Huko Singida na Usukumani wanaitwa Wataturu. Watu wenye majina mengi kiasi hiki kutoka nje walikuwa na sababu ya kushikilia majina ya ndani.

Gida- ina ndugu mbali na Hanang. Kidatoga ni lugha ya Kiniloti cha kusini, na lugha zilizo karibu nayo zaidi zinazozungumzwa na watu wengi ziko Kenya, kwa Wakalenjin. Huko mvulana ni Kip- na msichana ni Chep-. Kiprop amezaliwa mvua ikinyesha, Kiplagat amezaliwa jioni, Kiprotich amezaliwa ng'ombe wakirudi zizini, na Kipchumba ana wazungu ndani ya jina lake. Dunia ilipomfahamu Kipchoge Keino kwenye Olimpiki ya Mexico mwaka 1968, magazeti yalimfupisha akawa Kip Keino, na Kip likawa kama jina lake la utani. Kwa mpangilio wa Hanang, hiyo ni sawa na kumwandika mtu Gida kisha ukamaliza. Viambishi vyenyewe havifanani kwa sauti, lakini mtindo wa kutenga jina kwa jinsia na kisha kulijaza habari ya siku ya kuzaliwa ni uleule, huku na huko, kati ya watu waliotengana zamani sana.

Wairaqw, ambao lugha yao ni ya Kikushi na haina undugu na Kidatoga, hawana kiambishi cha namna hii, ila nao hutoa jina kutokana na tukio. Tluway ni mvua. Lohay hutokana na njia, la mtoto aliyezaliwa safarini. Jina hilo la pili limeingia katika historia ya sheria ya Tanzania. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, iliamua shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na Joseph Lohay, wakulima wa kijiji cha Kambi ya Simba, na ikasema kwamba haki ya ardhi ya kimila ni mali inayolindwa na Katiba. Wanafunzi wa sheria hukariri hoja za hukumu hiyo. Mimi huvutiwa na majina ya wajibu rufani. Walikuwa baba na mwana: baba ana jina la njiani, mwana ana jina la Biblia, na la baba limesogea likawa la pili. Badiliko lililozikumba nyumba nyingi za Mbulu na Hanang limekaa lote katika mstari mmoja wa kichwa cha hukumu.

Lakini anayetaka kujua jina la Gida lilikuwa na uzito gani asianzie kwa wanaume waliolibeba. Aanzie kwa wake za watoto wao. Mwanamke wa Kidatoga akiolewa hatamki jina la baba mkwe wake, wala majina ya wakubwa wa nyumba ile wa kizazi hicho. Na kizuizi hakiishii kwenye jina. Kinagusa kila neno la kawaida linalofanana nalo kwa sauti. Ufundi huu wa kuzungumza kwa kukwepa una jina lake kwa Kidatoga, giing'aweakshooda, na mwanaisimu Alice Mitchell aliuandikia tasnifu ya udaktari mwaka 2015.

Tujaribu kwa Kiswahili ili tuone kazi yake. Tuseme baba mkwe anaitwa Mvua. Bibi harusi hatasema mvua. Wala hatasema mvuvi, kwa kuwa sauti inakaribia mno. Akitaka kukuambia uanue nguo, atatafuta neno jingine, na si kwa kubuni papo hapo kama anayecheza kitendawili. Yapo maneno mbadala ambayo wanawake wa eneo wanayajua na wanafundishana, na anayesikia anaelewa bila kuuliza. Sasa mpe mwanamke huyo wakwe watatu, wanne, kila mmoja na jina lake. Fikiria anavyomwagiza mtoto kibuyu cha maziwa, anavyosimulia alivyoshinda malishoni, anavyogombana na jirani, maneno kadhaa ya kila siku yakiwa yamefungwa na yeye asikwame hata mara moja. Mtu akiniambia wanawake hawa walikuwa kimya mbele ya mfumo dume, nitamwomba akae jioni moja jikoni asikilize.

Katika hesabu hiyo Gida- yenyewe haimsumbui, maana ni ya kila mwanamume. Kinachoangaliwa ni kiini cha jina. Ndiyo maana jina la mvulana lilichaguliwa huku ikijulikana kuwa siku moja litabeba gharama kwa watu ambao bado hawajazaliwa. Mtoto anayepewa jina linalogusa neno la kawaida sana, la maji au la ng'ombe, anawatengenezea wakaza wanawe wa baadaye kazi ya maisha. Desturi za namna hii ziko kwingine pia: Wazulu na Waxhosa wana hlonipha, na Wanyakyusa wa Mbeya walikuwa na yao. Katika nyumba ya Kidatoga watoto walikua wakisikia maneno mbadala kwa mama, na kwa mashimo yale katika usemi wake wakajifunza babu aliitwa nani. Jina lilitunzwa na watu waliokatazwa kulisema. Sijui kama kuna sanduku la nyaraka lililofanya kazi hiyo vizuri zaidi.

Nyaraka zenyewe zilipokuja, zilikuja na fujo. Karani wa Kijerumani aliandika alivyosikia, wa Kiingereza naye hivyo hivyo; kabila moja likawa Tatoga, Datoga na Datooga, tawi moja likawa Barabaig, Barbaig na Barbayiga. Wasomi walifuata. G. M. Wilson aliandika juu ya Watatoga katika jarida la Tanganyika Notes and Records miaka ya 1950 mwanzoni, na George Klima, aliyeishi na Wabarbaig mwishoni mwa miaka hiyohiyo, akachapisha kitabu chake mwaka 1970. Humo msomaji anakutana na bung'ed, kaburi la mzee mwenye heshima linalojengwa kwa udongo kwa miezi mingi ya mkusanyiko wa koo. Si kila mzee anayejengewa. Anayejengewa, jina lake linakaa juu ya nchi na wajukuu wanajua mahali.

Kisha ikaja ngano. Kwa msaada wa Kanada, Shirika la Taifa la Chakula na Kilimo, NAFCO, lilifungua mashamba makubwa katika uwanda wa Basotu, moja baada ya jingine katika miaka ya 1970 na kuendelea mpaka yakafika saba: Basotu, Setchet, Mulbadaw, Murjanda, Gawal, Waret na Gidagamowd. La mwisho hilo linaanza kama jina la mtu, na kwenye ramani ya Hanang kuna kata iitwayo Gidahababieg, ingawa kuona Gida kwenye kibao cha barabarani hakutoshi kudai kwamba kuna mzee aliyelala hapo. Waliolala kweli walikuwapo, na matrekta yalipita juu ya makaburi. Charles Lane aliyaeleza hayo kwa kirefu katika kitabu chake cha mwaka 1996. Wafugaji walikwenda mahakamani. Mwaka 1984 Mahakama Kuu iliwapa kijiji cha Mulbadaw na wenzake ushindi. Mwaka uliofuata Mahakama ya Rufani ikautengua kwa sehemu kubwa, hoja mojawapo ikiwa kwamba walalamikaji hawakuthibitisha kuwa ni wenyeji kwa maana ya sheria. Watu wanaotamkiana vizazi kwa majina walitakiwa kuleta ushahidi kwamba ni wa hapa. Mwaka 1987 serikali ikatoa tangazo la kufuta haki za kimila katika maeneo hayo.

Na hapo ndipo historia inapofanya kichekesho chake. Agosti 1978, wakati wataalamu wa Kanada wakiwa Hanang wanapanda ngano, kijana wa miaka 20 mzaliwa wa Katesh, makao makuu ya wilaya hiyo, alikuwa Edmonton, katikati ya nchi ya ngano ya Kanada, akikimbia marathoni ya Michezo ya Jumuiya ya Madola. Alishinda. Aliitwa Gidamis Shahanga. Miaka minne baadaye, huko Brisbane, Australia, alichukua dhahabu nyingine, safari hii ya mita 10,000. Jina la Gida lilitangazwa kwa vipaza sauti duniani, na halikutangulizwa na John wala Petro.  

Lakini jina lilikuwa limeanza kusogea nyuma. Marehemu Wilhelm Gidabuday, mwanariadha aliyekuja kuwa katibu mkuu wa Riadha Tanzania, alibeba mbele jina la Kaiser wa Ujerumani na nyuma jina la Kidatoga, na nadhani hakuna mtu aliyewahi kuona ajabu. Makanisa ya Kilutheri na Kikatoliki yalibatiza kwa majina ya watakatifu. Hospitali ya Haydom, iliyofunguliwa na Wanorwe mwaka 1955, ilifanya watoto wengi wazaliwe mahali ambapo jina la kwanza huulizwa haraka kwa ajili ya karatasi. Shule ikataka jina ambalo mwalimu wa kutoka Bukoba au Mtwara ataweza kulitamka kwenye mahudhurio. Hakuna aliyekataza Gida. Liliachwa nafasi ya pili, kisha ya tatu, mpaka fomu za kitambulisho cha taifa zikaipa nafasi hiyo hadhi ya kudumu: la kwanza, la kati, la ukoo.

Hilo limeleta tatizo ambalo wazee hawakulitazamia. Zamani jina la babu lilikaa kwa babu, na mkaza mwana alilikwepa huko lilipo. Sasa linamfuata mtoto wake mwenyewe kila aendako. Mtoto anaitwa Joshua, la kati ni la baba yake, la tatu ni Gida fulani, na huyo Gida fulani ni baba mkwe. Kliniki, muuguzi ameshika kalamu: "Majina matatu ya mtoto, mama." La kwanza anasema. La pili anasema akitaka. Kwa la tatu anatoa kadi mfukoni na kuisukuma mezani, au anamtazama binti aliyekuja naye, na binti, ambaye kwake huyo ni babu tu, ndiye anayelitamka. Muuguzi aliyekaa wilayani miaka miwili mitatu haulizi tena kwa nini; ananakili jina kutoka kwenye kadi, na kwa kuwa amenakili kwa haraka, mara nyingi ameliandika kwa herufi tofauti na za kitambulisho cha baba, jambo litakaloigharimu familia safari ya kwenda Katesh siku Joshua atakapoomba cheti cha kuzaliwa.