Mbithi Masya, mwandishi wa ‘Kati Kati’

Mbithi Masya ni mwandishi na mwongozaji wa filamu wa Nairobi, aliyevuma kwanza na kundi la muziki la Just A Band. Filamu yake ndefu ya kwanza, Kati Kati (2016), aliiandika pamoja na Mugambi Nthiga. Ndani yake, Kaleche anazinduka nyikani bila kumbukumbu, kisha anaambiwa amekwisha kufa. Mahali hapo si peponi wala jehanamu, bali ni kambi ya mapumziko ambayo marehemu hawawezi kuivuka kabla ya kuyakabili waliyoyatenda duniani. Mwaka 2016 filamu hiyo ilituzwa na wahakiki wa FIPRESCI mjini Toronto; mwaka 2017 Kenya iliiteua kuwania Oscar.